Gemu iliniambia nipumzike, nikadhani ni tangazo la majani chai, na jirani yangu akakosa maji

Vijana mnaosoma hapa, hamjambo. Wale wenye adabu ya kuniamkia, marahaba, nimeitikia mapema ili tusipoteze muda.

Wakuu wa humu pia nawasalimu, wenye mvi na wasio na mvi, kutoka Sagalla, hapa juu ya Voi.

Mimi ni nyanya wa watu. Nilifika darasa la nne nikatolewa nikachunge mbuzi, kwa hivyo mkiona neno limepinda linyoosheni wenyewe mkiendelea kusoma. Naandika kwa kidole kimoja. Mahali pa Kiingereza amenisaidia mjukuu wangu Wakesho, ambaye yumo ndani ya hii habari.

Jirani yangu Mama Chao naye yumo. Nilimuomba ruhusa kabla ya kuandika. Alisema, "Andika. Lakini ukiandika, andika yote."

Basi nitaandika yote. Sina haja ya kuongeza chumvi, hii habari inaniaibisha ya kutosha jinsi ilivyo.

Inahusu kile kitu gemu za simu hutoa, cha kukuambia umecheza sana, pumzika. Wakesho anakiita break reminder. Najua wengi wenu mnakifunga bila kusoma. Hata mimi nilikifunga bila kusoma.

Tuanze mwanzo.

Mwaka huu nilianguka. Nilikuwa nateremka na kuni, jiwe likateleza, mguu ukaenda upande wake na mimi upande wangu. Mwanangu Daudi, ambaye anafanya kazi gereji kule Voi, alikuja na bodaboda akanipeleka hospitali nikawekwa plasta. Wiki sita, wakasema. Usikanyage.

Mnajua wiki sita kwa mtu ambaye hajawahi kukaa chini mchana? Nilikuwa nahesabu mabati.

Wakesho ndiye mtoto wa Daudi. Yuko gredi ya nane na anaishi na mimi. Akanionea huruma. Akasema, "Nyanya, lete simu nikuwekee kitu." Akaniwekea gemu ya shamba.

Niliona ni upuzi. Shamba ndani ya simu, na shamba la kweli liko nyuma ya nyumba limeota magugu?

Lakini nikajaribu, kwa sababu mabati nilikuwa nimeyamaliza.

Sasa vijana, nisikizeni hapa, kwa sababu najua mtacheka. Nimelima zaidi ya miaka hamsini. Misimu mitatu iliyopita sikupata mavuno ya kusema asante. Huku kwetu mvua ikikosa, ndovu hawakosi. Wanatoka mbugani, wanapita, na kazi ya miezi mitatu inaisha kabla ujue nani amefungua geti. Tumeweka mizinga ya nyuki kwa waya, maana ndovu huogopa nyuki. Inasaidia, ndio. Lakini ukame nao hauogopi nyuki.

Kwa simu, unagusa picha ya ndoo, mahindi yanalowa. Unangoja kidogo, yanakomaa. Unagusa tena, yanaingia ghalani yenyewe. Hakuna ndovu. Hakuna viwavi. Kila ukipanda, unavuna.

Nyinyi mnacheza gemu za kupigana na kukimbiza magari, sijui mnatafuta nini humo. Mimi nilichokuwa natafuta nakijua. Nilikuwa natafuta mwaka mmoja tu unaoenda sawa.

Plasta ikatolewa. Gemu haikutolewa.

Sasa niwaeleze habari ya kikombe kimoja.

Hii gemu ina matangazo mengi. Uko katikati ya kumwagilia, picha inaruka mbele. Mkopo. Kamari. Dawa ya kupunguza tumbo, na mimi tumbo lenyewe sina. Nikamuuliza Wakesho nifanye nini. Akaniambia, "Nyanya, kitu kikiruka mbele ya shamba, tafuta kale kamsalaba kadogo kwa kona, gonga, kitaenda."

Nikashika hilo neno vizuri. Mimi nikifundishwa kitu mara moja sirudi kuuliza.

Basi kukawa na picha moja ya kikombe cha chai chenye moshi, na maneno ya Kiingereza chini yake. Ilikuwa inakuja kila nusu saa. Naona kikombe, natafuta msalaba, nagonga. Nilidhani ni kampuni ya majani chai. Siku moja nikamwambia Wakesho, "Hawa watu wa chai wanataka kuuza kwa nguvu, hawachoki?" Alikuwa anafua, hakugeuka. Akasema, "Gonga msalaba tu, Nyanya."

Nikagonga. Nimegonga huo msalaba mwezi wa kwanza, wa pili, mpaka kidole kikawa kinafika kwa kona kabla jicho halijafika.

Hapo pawekeni akilini. Tutarudi.

Sasa maji.

Hapa kwetu maji ya paipu yanakuja Jumanne na Jumamosi, saa sita mchana hadi saa kumi. Laini yetu ina nyumba sita. Kila nyumba ina dakika arobaini. Ukifungua koki yako, nyumba za chini yako hazipati kitu mpaka ufunge.

Zamani tulikuwa tunagombana. Mtu anafungua usiku, mwingine anakatia mwenzake paipu. Mimi ndiye nilisema tuwe na spana moja tu. Koki zote sita hazifunguki wala kufungwa kwa mkono, ni kwa hiyo spana. Ukimaliza zamu yako unafunga, unaibeba spana kwa miguu yako hadi nyumba inayofuata, unampa mwenyewe mkononi, unamwambia, "Maji yako." Hutumi mtoto. Huachi juu ya jiwe. Mkono kwa mkono, ili kila mtu amwangalie mwenzake usoni.

Wa mwisho kwa laini anairudisha spana nyumba ya kwanza kabla jua halijatua.

Ukichelewa, unakosa zamu moja. Sheria hiyo pia niliitoa mimi. Na mimi ndiye niliyekuwa naisimamia, miaka yote hiyo, na sikumhurumia mtu.

Mimi ni nyumba ya tano. Mama Chao ni wa sita, wa mwisho.

Mwaka jana Mama Chao aliichelewesha spana. Aliirudisha nyumba ya kwanza asubuhi yake badala ya jioni. Tulipokutana nikamuuliza mbele ya watu kwa nini. Akasema alikuwa kwa simu na binti yake Chao, ambaye ameolewa Taveta.

Nikamwambia, "Simu haichoti maji, Mama Chao. Utakosa zamu ya Jumamosi."

Watu wakacheka. Jumamosi ikapita bila maji kwake.

Nimesimama hapa kwanza. Nusu saa yangu ya simu imeisha, na mtaelewa kwa nini nina nusu saa. Naendelea kesho.

*

Haya, naendelea. Nimeona wawili wameandika "nyanya malizia". Mngojee, hata maji tunangoja.

Ilikuwa Jumanne. Chao alikuwa amerudi kwa mamake kujifungua. Mtoto alikuwa na siku nne. Mnajua nyumba yenye mzazi inavyokula maji. Kuogesha, kufua, uji, kuoga mama mwenyewe. Madumu ya Mama Chao yaliisha Jumatatu, hiyo nilikuja kujua baadaye.

Saa nane nilikuwa nimekaa mbele ya nyumba, mguu juu ya kigoda, nangoja spana. Nikafungua gemu. Siku hiyo gemu ilikuwa na sherehe ya mavuno, ukivuna vikapu fulani kabla ya jioni unapewa ng'ombe. Nilimtaka huyo ng'ombe. Mtanisamehe, lakini nilimtaka.

Saa tisa kasoro ishirini akaja Mzee Mwadime wa nyumba ya nne na spana. "Maji yako, Mama Daudi." Nikaipokea, nikaenda nyuma ya jikoni, nikafungua koki, tenki likaanza kujaa. Nikarudi kwa kigoda. Spana nikaiweka mapajani, simu juu yake.

Nilijiambia dakika tano tu.

Saa tisa kikombe kikaja. Msalaba.

Saa tisa na dakika ishirini, zamu yangu ikaisha. Mimi namwagilia mahindi ya simu.

Saa tisa u nusu kikombe kikaja tena. Msalaba.

Fikirini hapo. Laiti ningekuwa najua kusoma hayo maneno, ama ningeuliza mtu hata mara moja, Mama Chao angepata nusu saa nzima ya maji siku ile.

Tenki lilijaa, likamwagika. Sikusikia, gemu ina muziki. Maji yakapita nyuma ya jikoni, yakapata njia ya miguu, yakateremka.

Saa kumi fundi akafunga tenki kubwa la juu, pale karibu na kanisa. Siku ya maji ikaisha.

Mama Chao akapanda na hiyo njia, dumu tupu mkononi, miguu ina matope mpaka kwa kifundo. Hakupiga kelele. Angepiga ningeona afadhali.

Alisimama mbele yangu akasema, "Mama Daudi, maji yangu yamefika. Yamekuja kwa njia ya miguu, lakini yamefika. Sasa nimekuja kuchukua spana."

Niliangalia chini. Spana iko mapajani, simu iko juu yake, mahindi yanang'aa.

Wakuu, nilisema nitaandika yote. Nilidanganya. Nina mvi kichwa kizima na ni mzee wa kanisa, na nilifungua mdomo nikasema, "Koki imekwama, Mama Chao. Nimehangaika nayo hapa hata nikachoka, nikakaa kidogo."

Yeye akaangalia simu.

Wakati huo huo Wakesho akaingia kutoka shule, na begi mgongoni, na ile simu ikatoa kikombe. Mtoto akainama kunisalimia, akakiona, akasoma kwa sauti kama wanavyosoma darasani, kwanza Kiingereza, halafu akatufasiria bila kuombwa.

"Imesema umecheza masaa mawili bila kupumzika. Pumzika, mwili wako utakushukuru."

Halafu akatuangalia, mmoja na mwingine, akajua amesoma kitu ambacho hakikufaa kusomwa.

Nikamwambia, "Hiyo si ya chai?"

"Ya chai gani, Nyanya? Hiyo ni gemu inakuhesabia."

Mama Chao akacheka kidogo, kicheko kisicho na furaha. "Masaa mawili. Kumbe koki imekwama kwa simu."

Nikaigeuza simu uso chini.

Akaendelea, na hapa ndipo aliponifikia. "Mwaka jana uliniambia simu haichoti maji. Siku ile nilikuwa naongea na Chao. Alikuwa amelazwa kule Taveta, mimba ya kwanza ilikuwa inatoka. Sikuweza kukata simu nikimbize spana. Ukaninyima zamu mbele ya watu, na hukuniuliza tulikuwa tunaongea nini."

Mimi nilikuwa najua Chao alipoteza mimba. Nilienda hata kumpa pole. Lakini sikuwahi kuziweka hizo siku mbili pamoja. Sikuuliza. Kazi yangu ilikuwa kuhukumu, na kuhukumu kunaenda haraka usipouliza.

Nikamwambia Wakesho ajaze madumu mawili kwa tenki letu. Mama Chao akasema, "Sitaki maji ya kuombwa. Nilitaka zamu yangu."

Nikasema, "Zamu yako nimeimwaga. Siwezi kuirudisha. Haya ni ya mtoto."

Akafikiria. "Nachukua kwa sababu ya mtoto. Usije ukafikiri tumemalizana."

Wakesho akabeba dumu moja, Mama Chao lingine. Spana aliichukua mwenyewe kutoka mapajani mwangu, hakungoja nimpe.

Nilibaki kwa kigoda mpaka mbuzi wakaja wenyewe.

Jioni hiyo nilitaka kutupa simu chooni. Nilifikia hata kusimama. Wakesho akanizuia, na alichosema mtoto huyu nimekifikiria kuliko mahubiri mengi.

Nirudi nyuma kidogo. Likizo ya Desemba nilimnyang'anya Wakesho simu, ile ya zamani aliyopewa na babake. Alikuwa anacheza gemu ya kupanga peremende za rangi hata uji unaungua. Niliifungia kwa sanduku, likizo nzima. Alilia, nikamwambia machozi hayapiki uji.

Basi jioni hiyo akasema, "Nyanya, mimi Desemba uliponyang'anya simu sikujifunza kuacha. Nilijifunza kuficha. Shule zilipofunguka nilikuwa nacheza kwa simu ya rafiki yangu, kila break, mpaka mwalimu akanishika. Hukujua. Na wewe ukitupa hiyo, utaomba ya Daudi akija."

Ningemtandika kwa kutaja jina la babake hivyo. Lakini alikuwa amesema kweli. Ningeomba.

Nikamuuliza, "Sasa tufanye nini?"

Nadhani ilikuwa mara ya kwanza kumuuliza swali bila kujua jibu ninalolitaka.

Akaketi karibu yangu akanionyesha kile kikombe vizuri. Kumbe chini ya maneno kuna vitufe viwili. Kimoja kikubwa, cha kijani, kimeandikwa endelea kucheza. Kingine kidogo, rangi ya majivu, kimeandikwa pumzika. Na msalaba kwa kona, ambao pia ni endelea. Yaani njia mbili pana za kuendelea, na kichochoro kimoja cha kupumzika.

Nikamwambia, "Huyu aliyetengeneza hii anataka nipumzike, ama anataka kusema tu kwamba aliniambia?"

Wakesho akasema, "Nyanya, hilo ni swali la mtihani."

Nyinyi wenye kompyuta mnaotengeneza hizi gemu, kama kuna mmoja humu, anijibu. Na mkiandika maonyo, andikeni na Kiswahili. Mnataka ninunue ng'ombe wenu kwa lugha zote, pumzika mnaiacha Kiingereza.

Tulichofanya ni hiki. Si uganga.

Kwanza akaniambia kikombe cha ndani ya gemu hakitoshi, kidole changu kimeshakizoea. Hata nikijua maana yake, kidole kitafunga kabla sijasoma. Kwa hivyo akaingia settings za simu yenyewe, akaiwekea gemu nusu saa kwa siku. Ikiisha, picha ya gemu inakuwa na rangi ya majivu, haifunguki mpaka kesho.

Nikamuuliza, na nikiingia huko nikabadilisha? Akasema kuna password, na yeye ndiye atakayeijua.

Nikasema sawa, lakini yako pia lete. Akanipa ile simu yake, akanifundisha, nikaweka namba yangu ya siri ambayo hata wakiniamsha usingizini sitaisema. Yeye anashika yangu, mimi nashika yake. Akitaka dakika za ziada ananiambia kwa nini. Nikitaka mimi namwambia kwa nini. Aibu ya kumwambia mtoto wa gredi ya nane "nataka kumalizia ng'ombe" inatosha kukufanya uweke simu chini.

Ndani ya nusu saa hiyo hiyo baadaye nilitia pia kusoma na kuandika humu, bila kulazimishwa. Ndiyo maana jana niliwaacha njiani.

Pili, na hii ni yangu, Wakesho hakuifikiria. Aliniambia naweza kuweka kengele ya simu yenye maandishi ninayotaka. Akauliza tuandike nini, zamu imeisha? Nikasema hapana. Andika, "Mama Chao anangoja."

Kwa sababu nilikuwa nimeliona kosa liko wapi. Kikombe hakina mtu. Mwili wako utakushukuru, mwili gani? Mimi mwili wangu nimeutumia miaka yote hii na haujawahi kunishukuru. Lakini Mama Chao namjua. Najua anavyosimama akiwa amekasirika, dumu mkono wa kushoto. Kengele ikisema jina lake, kidole hakipati msalaba wa kugonga.

Jumamosi ikaja. Maji yalipokwisha, laini yote ikakutana kwa Mzee Mwadime kama kawaida.

Nilisimama kabla hajafungua mkutano. Nilisema nilichofanya. Nilisema masaa, nilisema kikombe nilichodhani ni tangazo la chai, nilisema ng'ombe wa gemu, nilisema uongo wa koki. Hiyo ya koki ilikuwa ngumu kuliko zote, kwa sababu hakuna aliyekuwa anaijua isipokuwa Mama Chao na Wakesho, na wote wawili walikuwa wameninyamazia.

Halafu nikasema sheria ni kukosa zamu moja, lakini mimi nitakosa mbili. Moja ya spana. Moja ya mwaka jana, ambayo nilimnyima Mama Chao bila kumuuliza. Zote mbili zimwendee yeye. Na kusimamia spana niachie mwingine.

Mzee Mwadime, ambaye hawezi kukaa na jambo zito bila kulichekesha, akasema, "Na hao watu wa chai tuwape zamu? Maana wao ndio walikuwa macho."

Watu wakacheka. Hata mimi. Mama Chao alicheka kidogo, nikamwona.

Wakataka kunirudishia usimamizi. Nikakataa. Nikasema apewe Mama Chao. Yeye akasema ataichukua kwa sharti moja: mtu akichelewa, aulizwe kwanza, na aulizwe kando, si mbele ya watu. Tukakubaliana. Sheria yangu ya miaka yote hiyo, ikatengenezwa kwa sentensi moja na mtu niliyemuonea nayo.

Hizo zamu mbili nilikosa kweli. Tenki langu lilifika chini nikanywesha mbuzi maji ya kuoshea vyombo. Wakesho alifua nguo za shule kwa beseni moja na hakulalamika. Nilipomuuliza kama amechoka akasema, "Nyanya, tunalipia ng'ombe."

Ng'ombe mwenyewe sikumpata, kama mnataka kujua. Sherehe iliisha.

Zamu yangu iliporudi, kengele ikalia. Mama Chao anangoja. Nikafunga koki, nikabeba spana, nikateremka na mguu wangu mbovu. Nilimkuta mlangoni, amembeba mjukuu.

"Maji yako," nikamwambia.

Akaangalia jua. "Umekuja mapema."

"Nimetangulia kikombe."

Akanipa mtoto nimshike ili apate mikono ya kupokea spana. Hakusema tumemalizana, na sikuuliza. Lakini yule mtoto nilimshika mpaka dumu la mwisho likajaa.

Sasa somo, vijana, kwa maneno yangu.

Gemu bado ninayo. Ile nusu saa naicheza na napenda. Mtu asije akawaambia nyanya amesema gemu ni shetani. Nilichosema ni kwamba mkono uliozoea kufunga, hufunga hata kile kilichokuja kukusaidia. Na ukumbusho usio na jina la mtu ni tangazo tu. Tafuta nani anakungoja upande wa pili wa hiyo simu, weka jina lake.

Na nyinyi wazazi mnaofungia simu kwa masanduku, ulizeni kwanza. Mimi nilifungia, nikafuga mwizi wa dakika ndani ya nyumba yangu bila kujua.

Niambieni hapo chini. Nani kati yenu anasoma hicho kikombe chake mpaka mwisho? Nani amejiwekea jina, na ni la nani? Nitasoma yote, kwa nusu nusu saa. Atakayenitukana ajue Wakesho ndiye hunisaidia kusoma, na yeye ni mtoto wa watu.

Namalizia na amri niliyotoa kwa nyumba yangu. Daudi alikuwepo, amekuja kutoka Voi na simu mbili mfukoni. Niliita wote, nikaweka lile debe la mahindi katikati ya meza, ambalo mwaka huu halikujaa, nikasema:

"Siku ya maji, simu zote za nyumba hii zinaingia humu saa sita, yangu ikiwa ya kwanza kabisa, isipokuwa ya mtu mwenye mgonjwa. Kengele itatulilia humo humo ndani. Na hakuna mkono utakaogusa hili debe mpaka mmoja wetu ashuke kwa miguu, arudi, aseme amemwona Mama Chao akiwa na maji."